Kichina cha Masouda

Mwaka 1969 Maskati haikuwa na sinema, na Masouda, aliyezoea kwenda kila wiki kule Unguja kabla hawajahama, alijiona kama kazikwa hai. Mumewe Thabit alikuwa karani wa kampuni ya mafuta. Siku alipoleta habari kwamba meli moja imeacha masanduku saba ya filamu za Taiwani, na kwamba wake wa makarani wataonyeshwa moja kila Alkhamisi alasiri, Masouda alimwekea halua hata viatu hajavua.

Filamu zote saba zilikuwa za mwigizaji mmoja. Aliianza kazi angali kigori, akaendelea nayo mpaka mvi. Lakini masanduku hayakuwa na mpangilio, kwa hiyo wanawake walimwona kwanza bibi kizee, wiki ya pili bi harusi, ya tatu maiti, ya nne mama wa watoto tisa. Zote alilia. Wakamwita Bi Machozi.

"Anasema nini huyu?" aliuliza Mama Sayyida, mama mkwe wake Masouda, aliyekaa mbele kabisa.

Masouda hakujua hata neno. Ila Unguja alikuwa jirani wa Mchina muuza majongoo ya pwani, na hilo kila mtu akilijua.

"Anasema mke akichoka, mume apike."

Mwanamke mmoja akaguna, "Maskini, kasema kweli."

Tokea hapo Bi Machozi hakukaukiwa na maneno. Mara kawakataza mama wakwe kupekua makabati ya wakaza wana zao, mara kataka mke apumzishwe Ijumaa. Waume wakawa wanasomewa hukumu za Taiwani juu ya sinia la wali.

Sleyum, mkubwa wa makarani, alihamaki alipoambiwa aoshe sufuria. Alkhamisi ya sita alikuja na makarani wenzake, na mpishi wa meli moja, Mchina aliyejua Kiswahili cha bandarini, aje aihakiki tafsiri.

Ukutani Bi Machozi alimkumbatia ng'ombe shingoni, akilia.

"Anasema..." Masouda alimtupia mpishi jicho, "mume asimkemee mkewe mbele za watu."

"Kweli?" Sleyum alimgeukia mpishi.

Wanaume wote walimkodolea macho kama mufti. Mpishi akakohoa. "Kweli kabisa. Tena kasema mpishi wa meli apewe kapu la samaki wa pwani ya Qantab."

Wakati wa kutoka alimnong'oneza Masouda, "Mimi mtu wa Hong Kong, bibi. Lugha ile sijui. Wewe umejifunza wapi?"

Masouda alicheka mpaka akashika ukuta. Njiani hata hivyo Mama Sayyida alimkatiza kicheko: "Wiki ijayo nnatafsiri mie. Kichina kishaniingia."

Na alitafsiri. Kwa saa mbili nzima Bi Machozi aliwausia wakaza wana waamke alfajiri, wawakande mama wakwe miguu. Wanawake wakamgeukia Masouda awathibitishie.

Angesema nini?

"Ndivyo," akajibu. "Neno kwa neno."