Amri Isiyo na wa Kuipokea

Usingizi unanichukua kwenye benchi la korti, nikisubiri kesi ya kaka yangu Mwadime iitwe, na nikiinua kichwa benchi liko barabarani, barabara haina mwisho, kando zote mbili ni ofisi za vioo, na katika kila kioo najiona nimeshika amri ya jaji: Mwadime aachiliwe leo. Leo hiyo ilishapita zamani. Askari anakuja kunipokea, sare yake imepigwa pasi, lakini juu ya kola hakuna uso, ni ngozi tupu kama kiganja. Namwambia, afande, chukua hii. Anaficha mikono nyuma. Mama, anasema, hapa karatasi ya korti haishikwi, ukiishika umepokea, ukipokea umejua, na ukijua utaulizwa. Basi nipeleke kwa mkubwa wako. Mkubwa, ananijibu, ni yule anayetoka kila unapoingia. Nacheka kwa hasira, maana hata nikiwa macho ndivyo wanavyonizungusha, na tunatembea, mlango niliotokea unakuwa ule ninaouingia, na kila ofisi watu wasio na nyuso wanarudi nyuma wakiiona amri, mikono mifukoni. Naiweka mezani, meza inasogea. Naibandika ukutani, ukuta unageuka barabara. Kwa nini hamna nyuso, nauliza. Mama, anajibu afande kwa upole, tukiwa nazo si utatutaja kwenye hati ya kiapo?

Ndipo nasikia Mwadime akikohoa. Nakimbia hadi kwenye wavu wa chuma, namwona kwa mgongo, amevaa shati lile lile walilomkamata nalo. Mwadime, ni mimi, Mghoi, jaji amesema utoke. Dada, anasema bila kugeuka, umechelewa, wameanza kunifuta. Napitisha mkono kwenye wavu, nampapasa, paji lipo, pua inalainika, inakwisha chini ya vidole vyangu.

Nagutuka jina lake likiitwa kortini. Wakili wa serikali amesimama, anasema, Mheshimiwa, mtu huyo hatunaye, na hatujawahi kuwa naye. Jaji anavua miwani, amechoka kuamuru asitiiwe. Ananigeukia, mama, hebu ieleze mahakama, kaka yako ana sura gani? Nasimama. Natafuta kichwani macho ya Mwadime, natafuta pua yake, sioni kitu. Namgeukia askari wa mlangoni, namsihi aniamshe.