Faili Lisilo na Mwenyewe

Lameki alipiga magoti mbele ya kompyuta kabla ya kuijibu. Ndivyo alivyozoea tangu aanze masomo ya jioni pale Makambako, akiwa na miaka hamsini na minne, akiketi dawati moja na watoto wa wenzake. Mwalimu wao aliwasisitiza wasibonyeze kitu wasichokisoma. Basi Lameki akasoma, kamusi mkononi, neno kwa neno.

Kompyuta ilikuwa imekataa masasisho ya mfumo kwa kukosa nafasi, naye akaamua kuondoa programu ya zamani ya kujifunzia kuchapa. Katikati ya kuiondoa, swali likatokea: faili hili hutumiwa kwa pamoja, lakini hakuna programu nyingine iliyoandikishwa kulitumia. Lifutwe?

Usharikani kwao Kitandililo, Lameki ndiye aliyetunza stoo ya sadaka za mavuno. Debe la viazi lisilo na jina daftarini halikuachwa lioze; Jumapili baada ya ibada lilipigwa mnada. Akaona hili nalo ni vivyo hivyo. "Bwana, niongoze," akasema, akabonyeza Ndiyo. Masasisho yakaingia kutwa nzima, naye akashukuru.

Kesho yake akafungua programu ya kuandikia nota. Ikamwambia kuna faili halionekani, ikajifunga.

Ndani ya programu hiyo mlikuwa na nyimbo thelathini na moja za Kikinga, za sauti nne nne. Mzee Ebeneza, mwalimu wa kwaya, alikuwa amemwimbia zote mwaka wake wa mwisho, ameketi karibu na moto, blanketi mabegani, sauti moja baada ya nyingine. Hakuna mwingine aliyekuwa akizijua zote nne. Madaftari ya rasimu Lameki alikwisha kuyawashia moto jikoni, akiamini kilichomo kwenye kompyuta hakiliwi na panya. Jumapili hiyo ilikuwa ibada ya kumbukumbu ya Ebeneza, na kitabu cha nyimbo hizo kilitakiwa kiwekwe madhabahuni.

Akaifunga kompyuta kwa blanketi, akaipeleka Njombe kwa fundi Fredy.

"Kamwene, mzee wangu! Umeniletea mtoto mchanga?" Fredy akacheka, akifunua blanketi. "Mbona umemvika hivi? Anaumwa baridi?"

"Usicheke, fundi. Mtazame kwanza."

Fredy akatazama kwa saa nzima, na kicheko kikamwisha.

"Programu hizi hazibebi kila kitu chao, baba. Kuna vitu zinaazima kwenye hifadhi moja ya wote. Hii ya nota ilikuwa inaazima pale pale na ile ya kuchapa. Sasa wewe hii ya nota uliisimika, au ulinakili folda tu?"

"Nilinakili. Kutoka kompyuta ya zamani ya chuo cha Biblia. Diski ya kuisimikia ilikuwa imepotea."

"Ndiyo maana. Haikuandikishwa. Inalitumia faili hilo kila siku, lakini mfumo haujui kama ipo. Ulipoulizwa, mfumo haukukudanganya. Haukuwa na taarifa zake."

"Basi tulirudishe hilo faili."

"Nimejaribu. Apdeti imeandika juu ya nafasi lilipokuwa." Fredy akamwonyesha mafaili matatu ya jina lile lile aliyoyatoa kwenye mashine nyingine. Aliweka la kwanza, programu ikafunguka, ikazima. La pili vilevile. La tatu halikufanya lolote. "Jina moja, toleo si moja. Haya ni mapya, hayana kitu ambacho programu yako inakiomba. Ile kompyuta ya chuo iko wapi?"

"Iliuzwa vyuma chakavu."

Fredy akafungua folda ya nyimbo. Zote thelathini na moja zilikuwepo, majina yake yamepangwa vizuri. Akafungua moja kwa nguvu, na kioo kikajaa alama zisizosomeka.

"Hazijafutika, baba. Ila hakuna wa kuzisoma."

"Waliotengeneza hii programu?"

"Niliwatafuta. Walishafunga."

Ijumaa mchana Lameki alikwenda kwa Prisila, mjane wa Ebeneza. Alimkuta akishona ukingo wa kitambaa cheupe cha kulazia kitabu. Akamwambia yote, bila kuruka lile la madaftari.

"Lakini uliomba kabla ya kubonyeza, baba Judith?"

"Niliomba, mama."

Prisila akakata uzi kwa meno. Tangu Njombe Lameki alikuwa akijaribu kuomba, na kila alipofumba macho aliliona swali lile, na kidole chake.

"Chukua kalamu," mama akasema mwishowe. "Tuandike wimbo ule tuliomzikia. Mimi ninayo sauti ya kwanza. Wewe shika ya nne."

"Mama, mimi miaka yote nimeimba ya tatu. Ya nne alikuwa akiimba mzee."

"Basi iachie nafasi."

Akaanza kuimba, kwa sauti nyembamba. Alipofika mahali mumewe alipokuwa akiingia peke yake, akanyamaza na kungoja. Lameki akahesabu mapigo kwa vidole, manne, matano, sita, akachora mistari mitupu kwenye karatasi, hadi mama alipoingia tena.