Mkono wa Mpaka Rangi

Alasiri, mshonaji akiwa anapachika kifungo kwenye shati la jirani, mkono wa mumewe uliingia kwa dirisha la ghala walimolala wasafiri waliokwama, ukagonga cherehani kidogo, ukatulia. Ulikuwa umetoka ng'ambo, ukapita chini ya seng'enge na kuvuka barabara ya malori. Mwenyewe, fundi mpaka rangi, alibaki huko. Siku ile geti la mpakani lilipofungwa alipenya yeye. Mkewe alikuwa na mimba kubwa, hakuweza kukimbia.

Mkono ulikuja kila siku baada ya kazi. Mshonaji aliusugua kwa mafuta ya taa, akajua leo mumewe kapaka ukuta wa kijani. Kisha ulimenya viazi, ukambembeleza binti yao.

"Mwambie shemeji alete na wa pili," majirani walimtania.

"Wa pili umeshika ngazi," alijibu.

Mara moja aliupeleka mpaka ofisi ya getini. Afisa akaupa mkono, wakasalimiana vizuri.

"Huu hauna shida, dada. Mkono hauhitaji kibali. Wewe na mtoto ndio mnahitaji."

"Tutapata lini?"

"Subirini, mtaitwa."

Wakasubiri. Binti akaota meno, akatembea, akaanza kusema hata yasiyomhusu. Ndipo siku moja mkono ukaja na picha. Mshonaji aliitazama mpaka macho yakamuuma. Mumewe alikuwa ameanza mvi, na yeye hakuwepo zilipoanza.

"Njoo umwone baba."

Binti akaja mbio. "Huyu nani?"

"Baba yako."

Mtoto akacheka. "Mama nawe! Baba hana kichwa."

Kwenye picha mpaka rangi alisimama kando ya gari la watu, kavaa shati la kuazima, mikono mfukoni. Binti akaikagua picha juu na chini, akaigeuza nyuma, akamrudishia mama yake.

"Hapa hayupo."

Mkono, kwa kuwa hauna masikio, ulikuwa umelala mezani kiganja juu, ukingoja kuambiwa kama mtoto kamtambua. Mshonaji akakibonyeza kiganja mara moja, ishara yao ya ndiyo. Vidole vikapigapiga meza kwa furaha.

Halafu ukaanza kujivuta taratibu kuelekea dirishani, maana mwenyewe alitakiwa kulala. Binti akausindikiza, ameushika kidole, mpaka ukamponyoka.

"Kesho, baba," akasema.