Bawabu Atimiza Hamsini

Mume wangu Eemeli ameigiza filamu sitini na moja, na humo amefungua milango isiyohesabika. Bawabu, mtumishi, polisi wa stesheni. Ukiinama kuokota leso, umeshamkosa. Jina lake halijawahi kuwekwa kwenye bango, hata kwa herufi za kuchungulia.

Hapa Helsinki mtu akitimiza miaka hamsini, gazeti hutangaza, na siku hiyo nyumba yake huwa wazi kwa yeyote. Asiyetaka wageni huandikisha kwamba yuko safarini. Nilimshauri Eemeli tuandikishe hivyo.

"Thubutu," akasema. "Studio nzima inakuja. Na Laurikainen ataniletea jibu la yule baba."

Yule baba ni mkulima mjane katika filamu mpya, anayezungumza mwanzo hadi mwisho. Mwongozaji Laurikainen alimwahidi sehemu hiyo tangu kiangazi. Eemeli alikuwa ameshahifadhi maneno yote, nami nilimjibu kwa sehemu ya binti wa huyo mkulima huku nikikanda unga.

Basi nikaoka aina saba za keki na biskuti za kahawa, maana pungufu ya hapo ni aibu. Wakaja majirani, akaja dada yangu Saimi. Saa nane mchana kengele ikalia. Eemeli akajitazama kwenye kioo, suti nyeusi, akaenda kufungua mwenyewe.

Laurikainen aliingia na wenzake wanne, theluji mabegani, wakicheka yao. Akavua koti, akamtupia Eemeli mikononi, na kofia juu yake, bila kumtazama usoni.

"Ahsante, mzee. Mwenye sherehe yuko wapi?"

Nilikuwa nimesimama hapo na birika. Nikangoja mume wangu aseme ni yeye. Badala yake aliinamisha kichwa, akasogea pembeni, akanyoosha mkono kuelekea sebuleni.

"Karibuni ndani, mabwana."

Sauti ile ile ya miaka yote. Nilitamani kummwagia mtu kahawa, sikujua nianze na nani.

"Mwenye sherehe ndiye uliyemtupia koti," nikasema.

Laurikainen alicheka, akamkumbatia pamoja na maua aliyomletea. "Eemeli, ndugu yangu, bila kofia ya bawabu nani atakujua?"

Akala keki tatu. Eemeli alipomuuliza habari ya yule baba wa filamu, alifuta mdomo kwanza.

"Sehemu ile tumempa mwigizaji Salmela. Wewe watu wamekuzoea mlangoni, wataanza kucheka. Ila kuna tarishi wa posta, analeta barua ya msiba."

"Anasema nini?"

"Anabisha hodi."

Wakati wa kuondoka Eemeli aliwavalisha makoti mmoja mmoja. Nikamuuliza kwa nini hakujitaja.

"Alinipa koti," akasema. "Mikono ikapokea."

Asubuhi nilisikia mtu akigonga mlango wetu. Taratibu, mara tatu. Kimya. Kisha tena, kwa uzito zaidi. Nikachungulia: Eemeli, peke yake kwenye ngazi, bahasha tupu mkononi, anajaribu hodi ya tarishi.

Sikumfungulia.