Watoto wa Penseli

Habari hii niliipata kwa wifi yangu, yule fundi cherehani, siku tulipokwenda pamoja kupimwa macho. Mvua zilikuwa zimekatika wiki mbili tu. Tulikaa kwenye benchi tangu asubuhi, kadi mkononi, na daktari wa macho hatumwoni wala kivuli chake. Wifi yangu si mtu wa maneno mengi, lakini siku hiyo aliongea mpaka tukaitwa. Mengine aliyaona mwenyewe. Mengine aliambiwa na mwenye habari, baada ya mwaka mzima wa kusalimiana naye kwa mbali.

Mwenye habari ni jirani yake wa kule bondeni, mwanamke aliyeitwa Mama Mizani. Si kwamba alikuwa na mtoto wa jina hilo. Mtoto hakuwa naye kabisa. Mumewe alikuwa amefariki zamani, na katika nyumba yake ya vyumba viwili alikaa peke yake, kimoja cha kulala yeye, kingine cha kulala mizani. Mizani yenyewe ilikuwa ya kuning'iniza, yenye uso kama wa saa ya ukutani, na mfuko wa kitambaa wenye matundu mawili ya kupitishia miguu. Kila Jumanne aliitundika kwenye boriti ya kibaraza cha duka. Akina mama walipanga foleni, na watoto waliingizwa humo mmoja mmoja wakipiga mateke na kelele.

Wanaume wakipita hawakuacha kumchokoza.

"Mama Mizani, nipime na mimi!"

"Nenda kapimwe na mkeo. Uzito wako anaujua yeye anayekubeba."

Basi hapo foleni nzima inacheka, na aliyetania anaongeza mwendo.

Alikuwa mhudumu wa afya wa mtaa. Zahanati ilimpa mizani na daftari, na kila baada ya miezi mitatu alijaza fomu akaipeleka kwa msimamizi: wajawazito wangapi, waliozaliwa wangapi, waliokufa wangapi. Kazi aliijua, na mwandiko wake ulikuwa mzuri kuliko wa wenzake wote. Lakini alikuwa na utaratibu wake, ambao hakufundishwa na mtu.

Mwanamke akishika mimba, Mama Mizani alimwandika kwa penseli. Mtoto akizaliwa, penseli vilevile. Kalamu ya wino aliitoa siku ile mtoto anapoletwa kupimwa mara ya kwanza, akiwa wa wiki sita. Mtoto akifa kabla ya hapo, alichukua raba, akaufuta mstari taratibu, akapuliza vumbi lake. Mwezi ukiisha alipita kwa yule mama, akakaa, akauliza habari za mgongo, habari za kuku. Jingine hakuuliza. Kwenye fomu, pale penye waliokufa, aliweka kistari.

Msimwone mvivu. Miaka ya nyuma, kabla ya kazi hiyo, yeye mwenyewe alizaa mtoto wa kiume aliyeishi siku mbili. Wiki ya pili akaja karani na karatasi zake, akasimama mlangoni bila hata kuvua kofia. "Mtoto yupo au hayupo? Sema moja, nina nyumba nyingi." Maziwa yalikuwa bado yanamlowesha kifuani. Siku alipokabidhiwa daftari alijiapiza kwamba hakuna mwanamke wa bondeni atakayeulizwa swali lile na kinywa chake.

Akashika kiapo hicho miaka sita.

Mwaka wa sita, mchana mmoja Mama Mizani akiwa amekwisha kupima watoto, msimamizi akawaita wahudumu wote zahanati. Alikuwa mtu wa haraka lakini si mbaya, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi upande mmoja. Akawaambia kwamba amepatikana mkunga, na vifaa vyake vyote vya kuzalishia.

"Mkunga ni mmoja," akasema. "Kwa hiyo anakwenda mlimani."

Mama Mizani alidhani amesikia vibaya. "Mlimani?"

"Mlimani, mama."

"Kule maji ya bomba yanaingia mpaka jikoni. Gari linafika mlangoni. Hospitali wanaiona dirishani!"

"Na wana vifo vinne vya watoto wachanga, ndani ya miaka sita. Kila kimoja kimeandikwa, kila kimoja tulikalia kikao. Mmoja mapafu, mmoja alizaliwa na moyo mbovu. Yote ninayo." Akageuza karatasi. "Kwako sufuri. Sufuri tupu, miaka sita! Mimi nikienda kwenye mikutano nakutaja wewe. Nawaambia, njooni muone bondeni wanavyolea."

Wenzake wakapiga makofi. Yeye hakupiga.

Alikuwa anamfikiria mke wa kinyozi. Mimba yake ilikuwa ya miezi minane kasoro. Wa kwanza, na mtaa mzima ulijua, alimzaa darajani, juu ya mkokoteni wa kubebea viazi, wakimkimbiza huko hospitali kwenyewe. Mtoto hakuvuka daraja. Wa pili alikuja kabla ya wakati, mdogo wa kuenea kiganjani, akaanza kupoa. Wakamfunika kila nguo iliyokuwamo nyumbani, hata pazia waliling'oa, na bado akapoa. Wote wawili Mama Mizani aliwafuta kwa raba.

Wenzake walipotoka yeye alibaki.

"Bwana msimamizi, na daftari likiwa na makosa?"

"Makosa ya nani?"

"Yangu."

Akaeleza. Msimamizi aliacha kufunga mkoba wake. Alisikiliza mpaka mwisho, halafu akakaa chini tena.

"Ijumaa napeleka orodha ya vifo kwa wakubwa," akasema. "Kabla ya hapo niletee kila mmoja. Jina la mama, tarehe, aliishi siku ngapi, alikufaje. Kama ni kweli, nitapeleka. Lakini jua, wataniuliza miaka sita yote ulikuwa unafanya nini. Na mimi sina la kukusaidia."

"Leo ni Jumanne."

"Ndiyo. Leo ni Jumanne."

Alifika nyumbani akakaa dirishani na daftari. Raba huondoa weusi, lakini mkono wake ulikuwa mzito na penseli ilikuwa imechimba. Akiulaza ukurasa kwenye mwanga, mifereji ilionekana. Kurasa nyingine alikuwa amezisugua mpaka zikawa laini kama ganda la kitunguu. Alihesabu kumi na tisa. Majina ya akina mama aliyapata, tarehe akazipata. Namna walivyokufa hakuwa nayo, kwa sababu hakuwahi kuuliza.

Jumatano asubuhi alianza na wa karibu, ndiye huyu wifi yangu. Alimkuta anashona sare za shule, mguu kwenye kanyagio.

"Karibu, jirani. Umeleta kitambaa?"

"Sikuleta. Nimekuja kuuliza habari za yule mtoto."

Cherehani ikasimama. "Mtoto yupi?"

"Yule wa mwaka wa mafuriko. Nataka kumwandika."

"Kumwandika mara ngapi?"

"Sikumwandika, dada. Nilimfuta."

Wifi yangu aliniambia kwamba aliinua sare aliyokuwa anashona, akaikunja vizuri, akaiweka pembeni, maana alihofia ataichana.

"Ulikuja hapa," akamwambia. "Ukakaa kiti hichohicho. Ukaniuliza habari za kuku. Nikasema moyoni, huyu hanisumbui kwa sababu ameshaandika. Kwamba ipo karatasi mahali, hata kama iko chini ya kabati la mtu, inasema mimi nilizaa. Miaka minne nimekaa na karatasi hiyo kichwani."

"Nilidhani nakupunguzia."

"Ulinipunguzia mtoto."

Mama Mizani akafungua daftari. Nje mtu alikuwa anauza mkaa kwa sauti.

"Andika," wifi yangu akasema. "Msichana. Alizaliwa mzima, analia, ananyonya. Kitovu kilikatwa kwa wembe uliokuwa juu ya kabati, sijui ulikata nini kabla. Siku ya tano mdomo ukakaza, hakuweza kunyonya tena. Akawa anakakamaa akiguswa. Siku ya saba basi. Umeandika?"

"Nimeandika."

"Andika na nywele. Alikuwa na nywele nyingi, mpaka masikioni."

"Dada yangu, fomu haina nafasi ya nywele."

"Itafute."

Akaandika pembeni, kwa herufi ndogo: nywele nyingi. Alipoaga hakusindikizwa.

Basi siku mbili hizo alitembea bondeni kote na daftari kwapani. Nyumba ya mchoma mkaa alifungiwa mlango. Ya muuza maji aliambiwa kwamba kisima kilifurika, mtoto wa wiki tano akaharisha siku moja na nusu tu, akawa macho yameingia ndani, na alfajiri hayupo. Ya muuza mikate mama mtu alicheka, kicheko kibaya, akasema, "Wangu alizaliwa kimya. Tulimtazama tukidhani amelala. Nani angejua la kumfanya? Wewe ungejua?" Mama Mizani akajibu kwamba hata yeye asingejua. Mwanamke mwingine alimnyang'anya penseli, akaitupa nje dirishani. "Wangu utamwandika kwa wino, nikiwa nakuona." Akaandika kwa wino, mama yule amesimama nyuma ya bega lake, hajui kusoma, anafuata kalamu kwa macho.

Jambo lililomshangaza ni kwamba alipouliza mmoja, mara nyingine alitajiwa na mwingine. Wapo ambao hata kwa penseli hakuwa amewapata, waliokuja na kuondoka kati ya Jumanne na Jumanne.

Mke wa kinyozi alimwacha wa mwisho, kwa woga. Alimkuta amekaa chini, mgongo ukutani, miguu imevimba. Kinyozi mwenyewe alikuwa nje ananyoa, na masikio yake yote yakiwa ndani.

"Nimesikia unapita," mke wa kinyozi akasema. "Nimesikia na sababu. Huyo mkunga atakuja kweli?"

"Sijui, mwanangu. Naomba aje."

Akamtajia wote wawili upesi upesi, kama mtu anayetuma vitu dukani: darajani, mvulana, alivuta pumzi mara tatu, nyumbani, msichana, saa tisa, baridi. Alipomaliza akaweka mkono juu ya tumbo lake, akauacha hapo. Hakumlaumu. Mama Mizani aliniambia hilo ndilo lililomlemea kuliko mlango wa mchoma mkaa. Nasema aliniambia, kumbe alimwambia wifi yangu.

Ijumaa msimamizi alisoma kurasa zote akiwa amesimama. Alisoma na zile herufi ndogo za pembeni.

"Ishirini na wawili," akasema.

"Ishirini na wawili. Na mchoma mkaa hakunifungulia."

Alivua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa. "Nitaandika mkunga aende bondeni. Daftari liache hapa. Na mizani nitatuma mtu aichukue kesho. Unaelewa?"

"Naelewa." Hakuondoka. "Je, na kama yupo mwingine? Wa zamani kidogo."

"Zamani ya lini?"

"Miaka ishirini na saba."

Msimamizi aliitazama tena fomu. "Fomu ni miaka sita, mama."

"Najua. Nilikuwa nauliza tu."

Mkunga alifika baada ya wiki tatu, mwanamke mrefu mwenye mkoba mgumu, akapewa chumba nyuma ya duka. Mizani akapewa binti mmoja wa zahanati. Jumanne ikifika Mama Mizani alikaa ndani, mlango nusu, akisikia namba za kilo zikitajwa. Binti alikuwa anasoma mshale vibaya, anauzidisha. Mara mbili alisimama aende kumwambia, mara mbili akakaa. Watu hawakumtukana, la hasha. Walimsalimu, walimwita jina lilelile. Ila hakuna aliyekaa. Hata wanaume wa utani walipita wanaangalia mbele. Alipika kidogo, akala akiwa amesimama, na siku nyingine jioni ilikuta hajasikia sauti yake mwenyewe tangu asubuhi.

Uchungu wa mke wa kinyozi ulianza Jumamosi, jua linachomoza. Mama Mizani alisikia miguu inakimbia, akasikia mkunga akitoa amri: maji, kitambaa safi, wewe toka. Alifika mpaka mlangoni, akarudi. Hakuwa na kazi kule tena, na nani alitaka kumwona mwenye raba siku kama ile? Akafagia ua aliokwisha kuufagia. Akachemsha maji ambayo hakuna aliyeyaagiza, yakapoa, akayachemsha tena. Saa sita, saa nane. Kwa upenyo wa ukuta alimwona kinyozi amekaa kwenye kiti chake cha wateja, amejifunga kitambaa cha kunyolea shingoni bila kujua.

Saa tisa kelele za mama zilikatika. Akangoja kelele nyingine. Hazikuja. Aliishika nguzo ya mlango, akahesabu, akapoteza hesabu, akaanza tena.

Kivuli kikasimama dirishani. Alikuwa fundi cherehani, uzi umemganda begani.

"Alitoka kimya," akasema, bila salamu. "Mkunga akamsugua mgongo, hakuna. Akamwekea kile kimfuko chake cha mpira usoni, akawa anakiminya, anamsukumia hewa. Sisi tumegeukia ukuta. Anaminya tu, anaminya tu. Halafu akalia."

"Nani? Mama?"

"Mtoto! Analia mpaka anakera. Ameandikwa tayari, nimeona mwenyewe. Kwa wino."

Mama Mizani aliachia nguzo ya mlango. "Karibu ndani. Maji yamechemka."

"Nina sare za watu," wifi yangu akajibu, akaondoka. Aliniambia hakuwa na sare hata moja siku ile.

Mama Mizani alibaki amelitazama dirisha. Baadaye akaondoa sufuria jikoni, akafunika moto kwa majivu, akaegesha mlango bila kuufunga. Jua lilikuwa bado liko juu ya mapaa. Alijilaza juu ya kitanda na nguo zake, ndala moja mguuni, akageukia ukuta. Nyumba ya tatu kutoka hapo, mtoto alikuwa analia, ananyamazishwa, analia tena. Alisikiliza mpaka akashindwa kujua kama bado anasikia, na usingizi ukamchukua.