Mahudhurio ya Mitondooni

Mama yake Swaumu alifariki Jumatano alfajiri, na kufikia saa tatu asubuhi Swaumu alikuwa ameshalia mara moja na kuogopa mara kumi. Hakuogopa kifo. Alimwogopa mwanamke mmoja wa Kisukuma aitwaye Kwandu, ambaye hakuwa amefika msibani bado, lakini lazima angefika.

Kwandu alikuwa mtani. Wazaramo na Wasukuma ni watani tangu zama za mababu, na kwenye msiba wa Kisarawe mtani ana madaraka kuliko waziri. Huvaa kanga za marehemu na kumwigiza. Hukaa mlangoni jeneza lisitoke mpaka apewe kitu. Humsema amtakaye, kwa lolote alitakalo, na anayesemwa hana ruhusa ya kununa. Akinuna, watu hutazamana: kumbe kuna jambo.

Na Swaumu alikuwa na jambo.

Miaka tisa nyuma alikuwa mwenyekiti wa mji mdogo wa Mitondooni, wenye stendi moja na soko moja, ukitoka Mlandizi kuelekea Dutumi. Kwa sheria hakuwa meya. Watu walimwita Meya hivyo hivyo, kwanza kwa kumkejeli, baadaye kwa heshima, maana aliamka saa kumi na moja akakagua mitaro kwa miguu na kuwafokea wenye mabucha wasiofunika nyama. Alikuwa na stashahada ya maendeleo ya jamii, watoto watatu, mkubwa wao Naila, na hakuwa na subira na mtu wa kusema "tunalishughulikia."

Akaja mwekezaji. Alitaka kujenga kiwanda cha mabomba kama vile vilivyokuwa vikiota Zegereni, na eneo alilolipenda lilikuwa malisho, penye lambo la kunyweshea ng'ombe. Ili eneo litolewe, wananchi walipaswa kukutana na kukubali, muhtasari uandikwe, na nyuma yake yaambatishwe mahudhurio: jina la kila mtu na saini yake. Mkutano wa kwanza uliharibiwa na mvua. Kwenye wa pili walikuja watu thelathini na mmoja. Mwekezaji akasema basi, anahamia Bagamoyo.

Swaumu aliona ajira zinaondoka. Jumapili moja mchana alikaa kwenye mkeka wa mama yake, hapo hapo Kisarawe, akachukua daftari la kugawia vyandarua na kunakili majina mia mbili na kumi na mawili. Alibadilisha kalamu nne. Saini nyingine alizilaza, nyingine akazisimamisha.

"Mbona unawaandika watu wa vyandarua?" mama yake aliuliza.

"Kazi za ofisi, mama."

Mama alimtazama, kisha akaendelea kuchambua mchele.

Jina la themanini na nane lilikuwa la Bundala, mfugaji, mume wa Kwandu. Swaumu alimpa heshima ya kuunga mkono hoja, kwa kuwa alijulikana kuwa mtu wa maneno machache. Miezi miwili baadaye ndipo aliposikia kwamba Bundala alikuwa amekufa siku kumi na tisa kabla ya tarehe aliyoiandika kuwa ya mkutano. Karatasi zilikuwa zimeshafika wilayani. Hakuzifuata.

Kiwanda kikajengwa. Vijana mia tatu wakapata kazi. Swaumu akawa "Meya wa Viwanda," picha yake ikabandikwa mpaka kwenye bajaji, akagombea ubunge akapita, akarudi kipindi cha pili, na sasa alikuwa na wiki sita za unaibu waziri. Wafugaji walizungushiwa uzio, ng'ombe wakakosa maji, kila mmoja akaenda alikokwenda. Kwandu alihamia Kisarawe na ng'ombe wanne waliobaki, akawa anamletea mama yake Swaumu maziwa kila asubuhi. Wakapendana. Kila Swaumu alipopiga simu nyumbani alisikia, "Kwandu yuko hapa, anakusalimia," na akaaga haraka.

Wiki mbili kabla ya msiba alisimama bungeni akatangaza kwamba kila aliyeghushi muhtasari wa kugawa ardhi atafikishwa mahakamani, bila kujali cheo chake. Aliandikiwa hotuba, akaisoma. Makofi yalipigwa.

Saa nne Kwandu alifika. Alimkumbatia Swaumu kwa nguvu, akalia kweli, machozi yakamlowesha bega. Kisha akamnong'oneza sikioni:

"Leo nitakusema, mtani wangu. Usikimbie. Mama kaniambia mambo yako yote."

Swaumu alikwenda msalani akafunga mlango. Mama kaniambia mambo yako yote. Yapi? Ya mkekani? Mama alijua. Mama hakuwa mjinga.

Alipotoka alimwita katibu wake, Juliana, dada wa mjini mwenye simu mbili.

"Wale waandishi wa habari waondoke."

"Mheshimiwa, nikiwafukuza ndiyo itakuwa habari. Na Waziri yuko njiani, ameshapita Pugu."

"Basi yule mama wa Kisukuma apewe shughuli jikoni."

Juliana alitazama uani. Kwandu alikuwa ameshavaa kanga na miwani ya marehemu, anatembea ameinama, mkono kiunoni, akisema kwa sauti ya marehemu kabisa: "Nani kaweka chumvi nyingi hivi? Mnataka nife mara ya pili?" Wanawake walicheka mpaka wakashikana mabega.

"Huyo, Mheshimiwa? Nani atamtoa?"

Kuanzia hapo Swaumu hakusikia dua wala rambirambi. Alihesabu. Kuosha, kukafini, kuswalia, kutoka. Jeneza likishavuka kizingiti, wanaume wanakwenda makaburini na utani unakwisha. Aliona aibu kumharakisha mama yake mwenyewe kaburini, lakini alimharakisha. Mara mbili alimtuma mtu kwa kaka yake Mfaume kuuliza wanangoja nini.

"Mwambieni atulie," Mfaume alijibu. "Hapa si bungeni."

Baada ya adhuhuri jeneza liliinuliwa. Swaumu alisimama ukumbini na wanawake wenzake. Hatua kumi mpaka mlangoni. Kwandu akawahi, akakaa kizingitini, miguu ameinyoosha.

"Halitoki!"

"Haya, imeanza," Mfaume alisema. "Mtani, tupishe, jua kali."

"Jua limeanza leo, Mzaramo? Siku ya ngoma huwa hulioni!" Watu wakacheka. "Nani kawaruhusu kumtoa bibi yangu? Mmekaa kikao lini? Mie sikuitwa."

"Umeitwa, mama, wewe umechelewa na ng'ombe wako!" Mfaume akajibu.

"Ng'ombe wangu ana adabu kuliko shemeji zako." Kisha akamgeukia Swaumu, miwani ya marehemu ikiwa puani. "Na huyu Mheshimiwa ndiye kabisa! Mama wa vikao! Nataka muhtasari. Muhtasari uko wapi? Nionyeshe mahudhurio, jina kwa jina, saini kwa saini. Nani kakubali? Nani kaunga mkono hoja?"

Ukumbi mzima ulilipuka kwa kicheko. Simu zilikuwa juu. Hata waliobeba jeneza walikuwa wanatabasamu. Swaumu alipaswa kucheka, au kusema, "Nenda kachunge," au kumrushia kanga. Mtoto wa darasa la tatu angejua la kujibu.

Swaumu alisikia tu: nani kaunga mkono hoja.

"Bundala sikumuua mimi!" alisema kwa sauti kubwa. "Nilinakili jina lake kutoka daftari la vyandarua, Kwandu. Nilimsainia, ndiyo, lakini sikujua kwamba ameshakufa!"

Kicheko kiliendelea kidogo kwa nyuma, kwa wale ambao hawakusikia. Kisha kikakatika.

Kwandu alivua miwani polepole. Uso wa utani uliondoka, na Swaumu alipouona uliokuwa chini yake, alielewa. Kwandu hakuwa akijua lolote. Alikuwa anatania. Mama alikuwa amemsimulia mambo ya utotoni, ya kukojoa kitandani na kuiba nazi, basi.

"Bundala?" Kwandu aliuliza. "Bundala wangu? Kasaini nini?"

Kwandu aliinuka, akajivuta kando ya mlango. "Mtoeni mama," alisema. Hakuomba chochote, na jeneza lilipita bila mzaha hata mmoja. Wanaume walitoka wakigeuka nyuma kutazama.

Juliana alimshika Swaumu mkono akamvuta pembeni. Aliongea haraka, kwa chini.

"Mheshimiwa, sikiliza. Tutasema ulikuwa utani. Umejibu utani kwa utani. Watu wote wanaujua huu utani, nani ataleta ubishi? Acheke tu yule mama. Akicheka yeye, imekwisha."

Ilikuwa kweli. Swaumu aliiona njia hiyo imenyooka mbele yake. Kwandu acheke mara moja, simu zirekodi, na jina la Bundala lirudi kwenye faili. Alimwendea. Wanawake walimpisha.

Kwandu alikuwa anakunja kanga ya marehemu, pembe kwa pembe.

"Mama Naila," alisema bila kuinua macho. "Yale malisho, niliambiwa wanaume wenyewe ndio walioyatoa. Hata shemeji zangu walisema, mumeo ndiye aliyeunga mkono, karatasi ipo wilayani. Nikabisha, wakanionyesha. Miaka tisa namlaumu kaburini. Nikasema labda alikwenda siku ile nimekwenda kuteka maji, kabla hajaugua. Tarehe sikuweza kuisoma." Akainua macho. "Unanitania?"

Hapo ndipo hofu ilipomshika Swaumu kuliko asubuhi yote. Asubuhi alimwogopa Kwandu. Sasa alijiogopa mwenyewe, kwa sababu neno "ndiyo" lilikuwa mdomoni tayari, jepesi kama lilivyokuwa jepesi kila siku kwa miaka tisa. Nje gari liliunguruma na kuzimwa. Mtu alisema, Waziri amefika.

"Sikutanii," alisema. "Bundala hakuunga mkono chochote. Mkutano ule haukufanyika. Niliandika mimi, pale, kwenye mkeka."

Kwandu aliketi chini palepale.

"Mheshimiwa," Juliana alisema kwa sauti ya kulia, "Waziri anakuulizia. Nimwambie nini?"

Swaumu alijaribu kufunga mtandio vizuri, akashindwa, akauacha. Uani watu walikuwa wamejipanga pande mbili kumpisha mgeni, na hakuna aliyekuwa akimtazama mgeni.

"Mwambie aingie," alisema. "Na wewe Kwandu usiondoke. Nataka asikie kila kitu ukiwepo."