Namba ya Kompyuta ya Gesima

Mwaka wa tisini na tisa, katika mji mzima wa Kisii, ni mimi Loice peke yangu niliyejua kubadilisha namba ya kompyuta, na maringo yangu hayakuwa na kipimo. Sisemi ile ya kibandiko. Hiyo hata mtoto ataibandua. Nasema namba iliyoandikwa ndani, kwenye chipu ya madabodi, ule ubao mkuu wa mashine, inayotokea kwenye skrini ukiwasha.

Abner, mfanyabiashara wa Keumbu, aliniletea kompyuta yake katika duka la Mahesh, mwajiri wangu. Alisema amewekewa madabodi mpya, sasa namba ya ndani hailingani na ya kibandiko. Sikuuliza swali. Nilitia disketi, nikaandika namba aliyonipa, nikamwonyesha kwa madaha. Mjinga mimi!

Wiki mbili baadaye polisi waliniita kituoni, wakitaka fundi. Kompyuta ya shule moja ya Gesima ilikuwa imeibwa, nao walikuwa wamekuta inayofanana nayo kwa Abner. Abner aliapa ni yake. Bawabu wa shule alikuwa seli siku ya nne kwa kushukiwa wizi huo: mjomba wangu Ogari, ndugu ya mama. Wakamleta, miguu mitupu.

"Soma namba," inspekta akaniambia.

Nikasoma. Haikuwa ya shule. Abner akatabasamu.

"Huyu ni mtoto wa dada yangu," mjomba akasema. "Hawezi danganya."

Nikamgeukia inspekta. "Namba imebadilishwa, afande."

"Na nani?"

"Na mimi."

Inspekta akaweka kalamu chini. "Kumbe! Mjomba anaiba, mpwa anasafisha."

"Yeye hajui kitu!" mjomba akaruka. "Ni mimi niliiba, nikauzia Abner. Huyu mtoto tulimdanganya tu."

Uongo mtupu. Nikamwambia kwa Ekegusii, lugha yetu ya nyumbani, aache wazimu. Akanijibu taratibu, kwa lugha hiyo hiyo, kwamba alioa kwa ng'ombe waliolipwa mahari mama yangu alipoolewa, na kila mtoto wake ametokana na ng'ombe hao. Hawezi kukaa nje akitazama binti wa dada yake akifungwa.

"Anasema nini?" inspekta akauliza.

Ukweli wote ulikuwa kinywani mwangu. Niliogopa, sina neno jingine.

"Anaomba nimsamehe kwa kunidanganya," nikasema.

Inspekta akanisukumia karatasi ya shahidi. Nikatia sahihi.